Wa Nne

Wifi yangu Barke kaja na kijitabu
alichonunua Mombasa, shilingi mia mbili,
jaladani kitoto cha kizungu kinacheka:
majina elfu mbili, asili zake, maana zake.
Mimi niko ndani, siku ya sita ya arobaini yangu,
tumbo limefungwa mkaja, nanukia udi na mdalasini,
kazi yangu kunyonyesha na kutilia shaka.

Nikaanza na tunaowajua.
Famau, ndugu yangu, hayumo.
Mwanamize hayumo. Somoe hayumo.
Mkomani nzima imebaki nje ya jalada,
na Jenifa yumo, kapewa mistari minne.
Lakini jina la bibi limo,
ambalo kesho, kichwa kikishanyolewa, nataka kumpa binti yangu:
Rabia. Kiajemi. Malkia wa maua.

Malkia!
Aliyekaanga mahamri miaka arobaini
na kumfukuza punda wa jirani kwa kandambili.

Nikamwuliza mwenyewe, kaketi miguuni pa kitanda
ampepea mtoto kwa pepeo la ukindu:
"Nana, ina lako lina maana gani?"
(Kwetu Amu jina ni ina. Mgeni akisikia
hungoja tumalize: ina nini?)
"Mimi niliitwa, nikaitika," akasema.
"Maana ni kazi ya wenye nafasi."

Famau nikamtuma kwa Maalim Bunu.
Karudi na kipande cha karatasi chenye mafuta ya kashata:
Ukisimamisha alifu baada ya ree, ni wa nne.
Ukiiacha alifu, ukatia yee baada ya bee,
ni majira ya majani kuchipua.
Yote mawili Kiarabu. Uajemi hauhusiki,
na hayo maua mwenye kijitabu kayachuma kwake.
Kwanza mtazame lilivyoandikwa siku ya kwanza.

Nyumba hii haitupi kitu ila inachokihitaji.
Bahati. Kwenye kidaka cha juu,
nyuma ya sahani mbili zilizosalia kati ya kumi na mbili,
daftari la madeni la baba yake bibi,
aliyeuza sukari na mafuta ya taa Langoni.
Herufi za Kiarabu, maneno yetu:
fulani ratili mbili, amelipa;
fulani kibaba, hajalipa.
Ukiligeuza juu chini, ukurasa wa mwisho, watoto.

Famau akasoma kwa tochi ya simu.
Alifu ipo.
Imesimama baada ya ree, nyembamba, haina ubishi.

"Haiwezi," nikasema. "Nana ni kifungua mimba."
Sote twajua. Wadogo zake wote
walimwita dada mpaka wakazikwa.
Famau hakujibu. Kidole chake kikapanda juu,
mstari, na mstari, na mstari.

Mtoto, mwanamke, siku mbili.
Mtoto, mwanamume, siku tano.
Mtoto, hakulia.

Hakuna aliyefika siku ya saba,
basi hakuna aliyepewa la kuitwa.
Na mkono uleule ulioandika sukari
hapo haukuandika amelipa, wala hajalipa.

Pepeo likasimama.
"Soma tena."
Akasoma tena.
Bibi ana miaka themanini na moja,
na kila alipoitwa, kisimani, jikoni, ukumbini siku ya harusi yake,
aliitika hesabu ya watu asioambiwa kuwa walipita.
"Mama," akasema baadaye sana,
"akiniita, hunyamaza kidogo. Nikidhani ni pumzi."

Nimechukua kalamu ya Barke.
Nimekata Kiajemi, nimekata malkia, nimekata maua,
pembeni nimechora alifu, imepinda, sina mkono wa babu.
Barke anahesabu kwa vidole:
"Wa kwanza huyu. Aitweje wa nne?"
Bibi kaanza kupepea upya, hamtazami.
"Hesabu haikuanza leo."

Usiku, wote wamelala, nimemjaribu sikioni,
taratibu, alifu nikiivuta:
Raabia.
Kisha nikanyamaza kidogo.